Marejesho ya VAT Rwanda: Fedha hufika lini benki, na nini huzichelewesha

KANAMA, Rubavu – Mfanyabiashara wa Mahoko anayenunua saruji, sabuni au mabati ndani ya Rwanda hulipa asilimia 18 ya kodi ya ongezeko la thamani (VAT, au TVA kama inavyoitwa na wengi hapa) siku ileile anayochukua mzigo. Akiuuza mzigo huo Goma hamtozi mteja wake kodi hiyo, kwa sababu bidhaa inayotoka nje ya nchi hutozwa asilimia sifuri. Ile asilimia 18 aliyolipa inabaki serikalini mpaka aidai.

Kwa wengi, faida ya safari moja haifikii asilimia 18. Maana yake ni kwamba rejesho likichelewa, kinachokaa serikalini si faida peke yake bali pia sehemu ya mtaji. Ndiyo maana swali la siku ambayo fedha zitaingia benki lina uzito mkubwa katika tarafa ya Kanama, iliyo kando ya barabara ya Musanze–Rubavu, ambako mizigo mingi huanza safari ya kwenda mpakani.

Makala hii inaeleza hesabu ya siku inavyokwenda, mambo yanayoirefusha, na yale ambayo mfanyabiashara au msafirishaji anaweza kuyafanya mwenyewe.

Nani anaweza kudai

VAT ilianza kutozwa Rwanda mwaka 2001, na husimamiwa na Mamlaka ya Mapato ya Rwanda (RRA). Anayelazimika kujisajili ni mwenye mauzo yanayozidi faranga milioni 20 kwa mwaka, au milioni 5 katika robo mwaka. Aliye chini ya kiwango hicho anaweza kujisajili kwa hiari.

Asiyesajiliwa hana rejesho. VAT aliyolipa dukani inakuwa sehemu ya bei ya bidhaa yake. Mfanyabiashara mdogo anayepeleka nje bidhaa za viwandani kila wiki afanye hesabu kabla ya kuamua. Usajili unaleta kazi ya ritani na ankara za kielektroniki, lakini ndio unaofungua mlango wa kudai.

Wengine huchanganya rejesho hili na zawadi ya asilimia 10 ya VAT iliyoanza mwaka 2024 kwa mlaji wa mwisho anayedai ankara. Zawadi hiyo ni ya mnunuzi wa matumizi yake binafsi. Haimhusu anayenunua kwa ajili ya kuuza.

Hesabu ya siku

Sheria ya VAT Na. 37/2012 iliweka siku 30 za kulipa rejesho. Sheria hiyo ilifuatwa na Sheria Na. 049/2023 ya Septemba 2023, lakini siku 30 ndizo zilizobaki vichwani mwa wafanyabiashara wengi. Tatizo ni kwamba wengi huanza kuzihesabu mapema mno.

Siku 30 hazianzi siku ya kununua mzigo, wala siku lori lilipovuka mpaka. Huhesabiwa kuanzia ritani inapokuwa imefika na hakuna ritani nyingine inayodaiwa. Ritani ya mwezi hutakiwa ifikapo tarehe 15 ya mwezi unaofuata.

Tuchukue mfano. Mfanyabiashara ananunua saruji ya faranga milioni 10 tarehe 3 Machi na kulipa VAT ya faranga 1,800,000. Anaiuza Goma mwezi huohuo. Ritani ya Machi anaipeleka tarehe 15 Aprili. Kila kitu kikienda sawa, siku 30 zinaishia tarehe 15 Mei. Tangu alipotoa fedha yake zimepita siku 73, na hapo hakuna aliyechelewa hata siku moja.

Mwenye mauzo yasiyozidi faranga milioni 200 kwa mwaka anaruhusiwa kupeleka ritani kila robo mwaka. Kwa anayeuza ndani ya nchi, hiyo ni nafuu. Kwa anayeuza nje inaweza kuwa mzigo. Akinunua tarehe 3 Januari, ritani yake ni ya tarehe 15 Aprili, na siku 30 zinaishia tarehe 15 Mei. Hizo ni siku 132. Anayetegemea marejesho afikirie kuchagua ritani ya kila mwezi.

Kama mtaji huo ni mkopo wa benki wenye riba ya asilimia 1.5 kwa mwezi, faranga 1,800,000 zinakula faranga 27,000 kila mwezi zinapokaa nje. Akizungusha mzigo wa namna hiyo kila mwezi na rejesho likachelewa miezi mitatu, anakuwa na faranga 5,400,000 zisizo mikononi mwake. Gharama hiyo inatakiwa iwemo kwenye bei anayompa mteja wa Goma.

Sababu ya kwanza ya kuchelewa: ankara

Tangu mwaka 2013 Rwanda imekuwa ikitumia ankara za kielektroniki za EBM. Kodi ya manunuzi hukubaliwa kwa ankara ya EBM iliyoandikwa namba ya utambulisho wa mlipakodi (TIN) ya mnunuzi. Ankara iliyotolewa bila TIN, au kwa TIN ya ndugu au mshirika, haimsaidii mdai, hata kama fedha alizitoa yeye.

Kosa hili ni rahisi kurekebisha likigunduliwa dukani na gumu likigunduliwa miezi miwili baadaye. Mnunuzi aisome ankara kabla ya kupakia: TIN, tarehe, kiasi, na VAT iliyotengwa peke yake.

Ritani pia hulinganishwa na taarifa za muuzaji. Muuzaji akifuta ankara au akitoa ankara ya kurekebisha baada ya mauzo, tofauti hiyo huonekana upande wa mnunuzi, na dai husimama mpaka maelezo yapatikane.

Sababu ya pili: ushahidi wa kuvuka mpaka

Asilimia sifuri hutolewa kwa bidhaa iliyothibitishwa kwamba imetoka nchini. Ushahidi mkuu ni tamko la forodha la kusafirisha nje lenye TIN ya muuzaji, pamoja na uthibitisho kwamba mzigo umepita. Kwa malori ya Rubavu, hilo hufanyika katika mpaka wa La Corniche, unaoitwa pia Grande Barrière.

Hapa ndipo wafanyabiashara wengi wa Kanama na Gisenyi wanapoweza kupoteza haki yao. Ni kawaida mzigo kugawanywa vipande vidogo na kuvushwa na wachukuzi wa miguu kupitia Petite Barrière. Njia hiyo ni ya haraka, na kwa mboga au bidhaa ndogondogo haina ubaya. Lakini mzigo uliogawanywa hivyo bila tamko lenye TIN ya mwenye mali hauonekani kwenye vitabu kama mauzo ya nje.

Mauzo yasiyo na ushahidi wa kutoka nje yanaweza kuhesabiwa kama mauzo ya ndani. Hapo mfanyabiashara anakosa rejesho, na juu yake anaweza kudaiwa asilimia 18 ya mauzo ambayo hakumtoza mteja wake. Kabla ya kuchagua njia ya kuvusha, alinganishe nauli anayookoa na kodi anayoiacha.

Tamko liandikwe kwa jina la mwenye dai. Wakala wa forodha akiunganisha mizigo ya watu watatu katika tamko moja la jina moja, wawili waliobaki hawana karatasi.

Sababu ya tatu: ukaguzi

Dai linaweza kuchaguliwa kukaguliwa kabla ya kulipwa, na muda wa kusubiri ukarefuka kupita zile siku 30. Mambo yanayovuta macho ya mkaguzi yanajulikana: dai la kwanza la mlipakodi mpya, dai lililopanda ghafla kuliko miezi iliyopita, manunuzi makubwa kutoka kwa muuzaji asiyepeleka ritani, na mauzo ya nje yasiyolingana na kumbukumbu za forodha.

Mkaguzi anaweza pia kutaka kuona fedha za mauzo zilivyopokelewa. Kwa soko la Goma jambo hili limekuwa na ugumu wake. Waasi wa M23 waliuteka mji huo mwishoni mwa Januari 2025 na benki zikafungwa, hivyo biashara nyingi zikaendeshwa kwa fedha taslimu. Anayelipwa dola mkononi aandike stakabadhi kila mara, mnunuzi atie sahihi, na fedha ziwekwe katika akaunti ya biashara mapema, kiasi kikifanana na ankara.

Nyaraka zitunzwe mahali salama na nakala ziwe kwenye kompyuta au simu. Mafuriko ya Mei 2023 yaliharibu nyumba na mali nyingi wilayani Rubavu, hasa kando ya mto Sebeya. Karatasi ya forodha iliyosombwa na maji haimsubiri mkaguzi.

Sababu ya nne: madeni na akaunti

Mlipakodi anaweza kuacha salio lake liende kupunguza VAT ya miezi ijayo, au aombe kulipwa. Asiyeomba, salio husogezwa mbele tu. Wapo wanaosubiri fedha benki kumbe ritani yao haikuomba rejesho.

Deni lolote la kodi lililoko kwenye TIN, kwa mfano kodi ya mishahara ya wafanyakazi, kodi ya mapato au faini ya ritani iliyochelewa, hukatwa kwanza. Hivyo kiasi kinachofika benki kinaweza kuwa kidogo kuliko kilichodaiwa bila kuwapo kosa lolote. Kabla ya kulalamika, mdai aangalie hesabu yake ya kodi ione kilichokatwa.

Jina la akaunti lilingane na jina lililosajiliwa kwenye TIN. Kampuni iliyobadili jina, au mtu anayetumia akaunti ya mwenza wake, huweza kuona malipo yakirudi yalikotoka. Aliyehama benki atoe taarifa kabla ya kudai.

Upande wa wasafirishaji

Msafirishaji anatakiwa kwanza ajue huduma yake iko fungu gani. Sheria ya mwaka 2012 iliweka usafirishaji wa kimataifa wa mizigo katika asilimia sifuri, ukiwamo ule wa mizigo inayopita Rwanda kwenda nchi nyingine. Usafirishaji wa mizigo kwa barabara ndani ya nchi uliwekwa katika huduma zilizosamehewa.

Tofauti ni kubwa. Wa asilimia sifuri hatozi kodi lakini anadai aliyolipa kwenye matairi na vipuri. Aliyesamehewa hatozi na pia hadai. Mwenye lori linalofanya safari za aina zote mbili hugawanya kodi ya manunuzi kulingana na mauzo ya kila fungu. Orodha za misamaha hurekebishwa mara kwa mara, kwa hiyo orodha ya sasa isomwe kabla ya kila dai kubwa.

Daftari la safari, hati za mzigo na namba za matamko ya forodha ndivyo vinavyothibitisha safari ya kimataifa. Ankara ya usafirishaji isiyotaja mzigo ulikotoka na ulikokwenda ni dhaifu mbele ya mkaguzi.

Kodi zisizodaiwa RRA kama VAT

VAT iliyolipwa Uganda, Kenya au Tanzania haidaiwi Kigali. Mfanyabiashara anayenunua Kampala kwa ajili ya Rwanda ahakikishe muuzaji ameandika mauzo hayo kama ya kupeleka nje, ili asitozwe kodi ya huko. Vivyo hivyo VAT ya Kongo, ambayo ilianza mwaka 2012 kwa asilimia 16, ni hesabu ya mwagizaji wa Goma.

VAT iliyolipwa forodhani wakati bidhaa zinaingia Rwanda inadaiwa, kwa kutumia tamko la forodha lenye TIN ya mdai.

Kodi ya zuio ya asilimia 5 inayotozwa forodhani kwa bidhaa za biashara ni jambo jingine. Hiyo hupunguzwa katika kodi ya mapato ya mwaka, ambayo ritani yake hutakiwa ifikapo tarehe 31 Machi ya mwaka unaofuata. Mwenye hati ya kutodaiwa kodi, quitus fiscal, huweza kuepushwa nayo, na kwa wengi hilo ni bora kuliko kusubiri mwaka mzima.

Majirani

Utaratibu hutofautiana. Tanzania, chini ya sheria ya VAT ya mwaka 2014, salio la kawaida husogezwa mbele miezi sita kabla ya kudaiwa, ila wenye mauzo mengi ya nje hawalazimiki kusubiri hivyo. Uganda, salio lililo chini ya shilingi milioni 5 za nchi hiyo husogezwa mbele, isipokuwa kwa makundi machache wakiwamo wenye mauzo mengi ya asilimia sifuri. Mfanyabiashara mwenye kampuni katika nchi mbili asitumie kalenda moja.

Mambo ya kukagua kabla ya kudai

1. Ankara zote za EBM zina TIN sahihi.
2. Kila mauzo ya nje yana tamko la forodha la jina na TIN ya mdai, na uthibitisho wa kuvuka.
3. Hakuna ritani ya kodi yoyote inayodaiwa.
4. Madeni ya kodi yamelipwa, au yametolewa kwenye hesabu ya kiasi kinachotarajiwa.
5. Ritani imeomba kulipwa, si kusogeza salio mbele.
6. Jina la akaunti ya benki linalingana na jina la TIN.
7. Stakabadhi za malipo ya wateja zipo, hasa za fedha taslimu.

Dai lenye mambo hayo yote bado linaweza kuchaguliwa kukaguliwa. Kwa sababu hiyo mfanyabiashara asipange mzigo ujao kwa fedha ya rejesho ambayo haijaingia, wala asimwahidi muuzaji tarehe ya kumlipa kwa kuitegemea. Fedha hiyo ihesabiwe siku inapoonekana kwenye akaunti.