Mecky Mexime na miaka ya Kaitaba

Oktoba 22, 2016, Yanga waliingia Uwanja wa Kaitaba, Bukoba, wakaondoka na ushindi wa mabao 6–2. Wenyeji walikuwa bado na vifusi mlangoni. Wiki sita kabla ya siku hiyo, Septemba 10, tetemeko la ardhi lilikuwa limeua watu na kubomoa nyumba nyingi mkoani Kagera. Kocha wa Kagera Sugar, Mecky Mexime, alikuwa hajatimiza hata nusu msimu kazini. Kwa mtu aliyejenga jina kwa kuzuia, tena aliyewahi kuwa nahodha wa Taifa Stars, mabao sita nyumbani ni kidonda.

Msimu ulipofungwa Mei 2017, timu ile ile ilikuwa ya tatu Ligi Kuu. Juu yake walikuwapo Yanga na Simba tu. Azam, pamoja na fedha zao, walikuwa chini.

Kwetu Ngara na Biharamulo habari hizi zilifika kupitia redio na vibanda umiza. Kagera Sugar ni timu ya mkoa wetu, lakini Kaitaba si jirani. Mtu wa Ngara mjini ashuke Rusahunga, apite Biharamulo, kisha Muleba, ndipo aione Bukoba, na siku yake imekwisha. Ndiyo maana vijana wengi wa huku hukua wakiwa Simba au Yanga, timu ambazo nazo hawajawahi kuziona uwanjani. Hata hivyo tumeungana na Wanankurukumbi, kama Kagera Sugar wanavyoitwa, kwa maji. Mto Kagera huungana na Ruvubu pale Rusumo, wilayani Ngara, ukapanda kaskazini ukiambaa na mpaka wa Rwanda, halafu ukakata mashariki hadi Misenyi, kwenye mashamba ya miwa na kiwanda kilichoipa timu jina. Kiwanda hicho kiliharibiwa katika vita vya 1978–79 dhidi ya majeshi ya Idi Amin, kikaja kufufuliwa baada ya kubinafsishwa.

Mexime alikuja huku akitoka kwenye miwa mingine. Jina lake limeshikamana na Mtibwa Sugar ya Turiani, Morogoro, klabu iliyozima ufalme wa Dar es Salaam kwa kutwaa ubingwa mara mbili mfululizo, 1999 na 2000. Akiwa beki wa Mtibwa aliitwa Taifa Stars, na katika enzi za Mbrazili Márcio Máximo akavaa kitambaa cha unahodha. Hilo halikuwa jambo dogo wakati ambapo wengi waliamini kwamba asiyecheza Kariakoo, kwa Simba au Yanga, hajacheza. Alipotundika daluga hakwenda kutafuta kazi mjini. Alibaki Manungu, nyumbani kwa Mtibwa, akawa kocha wa klabu ile ile, na mwaka 2016 ndipo akavuka nchi kuja Kagera.

Aliijenga timu yake kuanzia nyuma, na ushahidi ninaouamini ni mechi za Simba. Aprili 2017, Kaitaba, Kagera Sugar 2, Simba 1. Simba walikata rufaa wakidai beki Mohamed Fakhi alichezeshwa akiwa na kadi tatu za njano. Kamati ya Saa 72 ikawapa pointi, kisha kamati nyingine ya TFF ikazirudisha Kagera. Wiki kadhaa nchi nzima ilibishana juu ya kadi ya beki mmoja wa timu ya mpakani. Ligi ilipokwisha, Yanga na Simba walikuwa wamelingana kwa pointi 68, na Yanga wakachukua kombe kwa tofauti ya mabao. Kwa hesabu hiyo, pointi za Kaitaba zilikuwa na uzito wa ubingwa.

Mwaka uliofuata Simba walikuwa tayari mabingwa, tena hawajapoteza mchezo hata mmoja wa ligi. Mei 19, 2018, Rais John Magufuli alifika Uwanja wa Taifa kuwakabidhi kombe, na wageni waliochaguliwa kunogesha sherehe hiyo walikuwa Kagera Sugar. Dakika za lala salama Edward Christopher akafunga. Simba wakapata penalti, Emmanuel Okwi akapiga, Juma Kaseja akaipangua. Ikaisha 1–0. Kaseja alikuwa kipa wa Simba kwa miaka mingi, na wengi walikuwa wameshamwona mzee aliyemaliza. Mexime alimwamini. Kuhusu Rais, watu wa Biharamulo wana la kusema: alisoma Seminari ya Katoke, na bungeni aliingia mwaka 1995 kama mbunge wa Biharamulo Mashariki, kabla Chato haijamegwa kuwa wilaya na baadaye kuhamia Mkoa wa Geita. Siku hiyo alipeleka kombe kwa Simba na kushuhudia timu ya mkoa uliomlea kisiasa ikiwaharibia shughuli.

Msimu wa 2018/19 ndio unaonisumbua zaidi. Aprili 2019, siku chache baada ya Simba kutolewa na TP Mazembe katika Ligi ya Mabingwa Afrika, Kagera iliwafunga 2–1 Kaitaba. Mei ikawafuata Dar es Salaam na kuwafunga 1–0. Jumlisha ushindi wote wa mara nne tangu 2017: Simba, wenye washambuliaji ghali kuliko wote nchini, walipata mabao mawili tu. Lakini timu hiyo hiyo iliyompiga bingwa nje ndani iliangukia mechi za mchujo ili isishuke daraja, ikaponea kwa kuitoa Pamba ya Mwanza. Naamini hapo ndipo ulipoonekana ukomo wa kazi ya Mexime. Alijua kumzuia mkubwa anayekuja kushambulia. Kumfungua mdogo aliyekaa nyuma kulimshinda, na katika ligi ya Tanzania pointi nyingi zimo mikononi mwa wadogo.

Mwaka 2021 nafasi yake ilichukuliwa na Mkenya Francis Baraza. Mwaka 2022 TFF ikamwita Mexime kuwa msaidizi wa Honour Janza katika Taifa Stars, na kwenye benchi hilo akakutana tena na Kaseja, safari hii akiwa kocha wa makipa. Baadaye alirudi Kagera kwa kipindi kifupi, kisha akaenda Ihefu na Dodoma Jiji.

Msimu wa 2024/25 Kagera Sugar ilishuka daraja, na Pamba, waliolia mwaka 2019, walikuwa wamekwisha kupanda. Msimu uliofuata, kijana wa Nyakanazi au Nyakahura aliyetaka kuona Ligi Kuu kwa macho yake hakuelekea tena Bukoba. Alielekea Mwanza, akavuka ziwa kwa Daraja la Kigongo–Busisi lililofunguliwa Juni 2025 kwa jina la J.P. Magufuli, akaenda kuishangilia Pamba.