Fidla ya Hardanger: Kuhifadhi Sauti na Mkono

Chini ya nyuzi nne zinazopigwa kwa upinde, fidla hii ya Norwei ina nyingine, aghalabu nne au tano, zisizoguswa, huvuma zenyewe. Wapigaji walirithishana nyimbo kwa sikio. Nota za karatasini hazikutosha: mapigo matatu ya ngoma ya springar mara nyingi hayalingani urefu, na kila bonde lina mwendo wake. Ndipo vikaja vinasa sauti na redio. Kuanzia 1931 Eivind Groven, mpigaji na mkusanyaji hodari, alisimamia muziki wa jadi katika redio ya taifa, NRK. Rekodi hutuletea hata mshindo wa mguu sakafuni, lakini si mgeuko wa kifundo cha mkono. Huo unahitaji filamu, ambayo mwanafunzi anaweza kuirudisha nyuma na kuutazama upinde tena.