Kasuku wa Delhi na Jalada la Polisi

Nchini India, familia inayoamini kwamba polisi wa jimbo wanaficha ukweli wa mauaji ina njia moja ambayo mahakama zimeipanua kwa miaka mingi: kumwomba jaji awanyang'anye polisi hao jalada na kulikabidhi kwa CBI, idara ya upelelezi ya serikali kuu. Wengi hudhani kinachoombwa ni wapelelezi hodari zaidi. Kumbukumbu za mahakama zinaonyesha jambo jingine. Kinachohamishwa hasa ni imani ya watu, na imani hiyo CBI huiazima kwa majaji.

Kisheria, njia hiyo ilitobolewa ukutani. CBI inatumia madaraka ya sheria ya 1946 iliyotungwa kwa ajili ya polisi maalumu wa Delhi, na kifungu cha 6 kinaizuia kufanya kazi katika jimbo lolote bila ridhaa ya serikali ya jimbo hilo. Basi mshukiwa akiwa mtu wa chama kinachotawala jimbo, wakubwa wake ndio washika ufunguo. Ndivyo ilivyokuwa Garbeta, Bengal Magharibi, ambako wafuasi wa chama cha upinzani walishambuliwa Januari 2001. Mahakama Kuu ya Calcutta iliagiza CBI ichukue upelelezi, kwa hoja ambayo naiona nzito kuliko zote zilizofuata: hata kama polisi wa jimbo wangechunguza kwa haki, kazi yao ingetiliwa shaka, kwa kuwa washambuliaji walidaiwa kuwa wa chama tawala. Jimbo lilikata rufaa Mahakama ya Juu, likilalamika kwamba majaji wanavuruga mgawanyo wa madaraka kati ya Delhi na majimbo. Februari 17, 2010, jopo la majaji watano lilikataa. Sharti la ridhaa linaibana serikali kuu. Halimfungi mikono jaji anayelinda haki za msingi za raia. Hata hivyo jopo lilionya kwamba amri hiyo itolewe kwa nadra, isiwe kila anayewalaumu polisi anapewa CBI.

Pingamizi zito zaidi si hilo la majimbo. Ni hili: CBI yenyewe iko chini ya serikali kuu, sasa uhuru wake uko wapi? Majaji wanalijua hilo. Mei 2013, katika shauri la ugawaji wa vitalu vya makaa ya mawe, Mahakama ya Juu hiyohiyo iliifananisha CBI na kasuku aliyefungiwa tunduni, anayesema maneno ya bwana wake. Jibu la pingamizi hilo lilikwisha kupatikana katika shauri la hawala, yaani utumaji wa fedha nje ya mfumo wa benki. Mwaka 1991 CBI ilinasa shajara zenye kumbukumbu za malipo yaliyodaiwa kwenda kwa wanasiasa wakubwa, kisha ikazikalia. Mwandishi wa habari Vineet Narain na wenzake walikwenda Mahakama ya Juu mwaka 1993, na majaji hawakutoa amri moja na kufunga shauri. Waliliacha wazi na kuidai CBI taarifa hatua kwa hatua. Hukumu ya Desemba 1997 ilimhakikishia mkurugenzi wa CBI angalau miaka miwili kazini, asihamishwe kwa hasira za waziri. Kesi za hawala zenyewe nyingi ziliporomoka kwa ushahidi hafifu, na wakosoaji hawakosi kulikumbusha. Lakini kuporomoka huko hakukuwa tena kwa kufichwa jalada.

Kuna wanaouliza pia faida ya kuhamisha upelelezi ukileta jibu lilelile. Agosti 2024, daktari mwanafunzi alipouawa katika hospitali ya RG Kar mjini Kolkata, polisi wa jiji walimkamata mtu mmoja mara moja. Siku chache baadaye Mahakama Kuu ikaipa CBI jalada, na Januari 2025 aliyetiwa hatiani ni yuleyule. Kwa kipimo cha ustadi, polisi hawakukosea mtu. Kwa kipimo cha Garbeta, hoja ya kuwahamishia wengine jalada haikuwahi kuhitaji wakosee. Bengal Magharibi ilikuwa imefuta ridhaa yake ya jumla kwa CBI tangu Novemba 2018, kwa hiyo serikali ya jimbo isipotaka, mlango wa kubisha hodi unabaki mmoja, wa mahakama.