Safari Iliyokataa Kuzunguka

Kisa cha Safari Rally kinaanza na mtu aliyekataa mwaliko. Mwanzoni mwa miaka ya 1950, wapenda magari wa Kenya walikuwa wakikutana kushindana Langa Langa, uwanja wa mbio uliokuwa katika Bonde la Ufa. Eric Cecil, mmoja wa viongozi wa mashindano ya magari mjini Nairobi, alimwomba binamu yake Neil Vincent naye ashiriki. Vincent akajibu kwamba haoni raha ya kuzunguka mahali pamoja kutwa nzima. Lakini wakiandaa mbio za kuvuka nusu ya Afrika na kurudi, anayetangulia kufika awe mshindi, hapo yeye atakuwamo.

Wengine wangecheka yaishe. Cecil na wenzake walikaa na ramani. Wazo lao la kwanza lilikuwa kulizunguka Ziwa Victoria, ila masika yakalizima, kwa kuwa barabara za kando ya ziwa zisingepitika. Ikachorwa njia nyingine kupitia Kenya, Uganda na Tanganyika. Malkia Elizabeth II alikuwa anatawazwa London tarehe 2 Juni 1953, basi mbio zikapewa jina la Coronation Safari na kufanyika kuanzia 27 Mei hadi 1 Juni. Mbio hizo za sherehe ya kifalme zilikatiza nchi isiyokuwa na utulivu: Kenya ilikuwa chini ya hali ya hatari tangu Oktoba 1952, na walioketi nyuma ya usukani walikuwa hasa walowezi na Wahindi. Mwafrika alikuwa kando ya barabara akitazama, au chini ya gari akishika spana.

Kanuni za mwaka ule zilikuwa za wapenzi wa magari, si za viwanda. Gari lilitakiwa liwe kama lilivyotoka dukani, na makundi yalipangwa kwa bei ambayo mnunuzi wa Afrika Mashariki angeilipa. Hakukutangazwa mshindi mmoja wa jumla, ila Alan Dix na Johnny Larsen ndio waliopata adhabu chache zaidi, nao walikuwa ndani ya Volkswagen Beetle. Mwaka uliofuata Vic Preston na D. P. Marwaha wakashinda kwa gari la aina hiyohiyo. Kwa mtu aliyekuwa akidunduliza fedha za kununua gari, hakukuwa na tangazo la biashara lililozidi hilo. Baadaye Peugeot na Datsun nazo zilijijengea jina kwa njia hiyo: gari lililotoka zima katika Safari lilihesabiwa kuwa linafaa kwa barabara za kwetu.

Namna ya kushindana ilikuwa rahisi kueleza na ngumu kutekeleza. Magari yaliachiwa moja baada ya jingine, na kila kipande cha njia kilikuwa na muda wake. Dakika ya kuchelewa kufika kituoni ilikuwa alama ya adhabu, na mwenye adhabu chache ndiye mshindi. Katika miaka ya 1960 njia ilifikia kilomita zipatazo 5,000, mchana na usiku. Barabara haikufungwa. Dereva aliyetoka Ulaya akiwa amezoea njia iliyosafishwa kwa ajili yake alikutana na basi la abiria, lori la mahindi, ng'ombe wanaovushwa, na twiga asiyejua kanuni. Ndiyo maana magari ya Safari yalifungwa vyuma vizito mbele, na baadaye timu tajiri zikawa na helikopta inayotangulia angani kuwaonya madereva wake.

Mbio zilipohamia wakati wa Pasaka, masika yakawa mshindani mwingine. Mwaka 1963 yalianza magari 84 yakamaliza 7. Mwaka 1968 yalianza 93, na yaliyofika mwisho yalikuwa tena 7. Aliyeshinda mara zote mbili ni Nick Nowicki akiwa na Paddy Cliff, ndani ya Peugeot 404. Katikati ya miaka hiyo, 1966 na 1967, Bert Shankland, mkazi wa Tanzania, alishinda mfululizo kwa 404 pia. Simulizi za matope ya enzi hiyo ni nyingi, lakini ya Erik Carlsson wa Sweden imezipita. Mwaka 1964 Saab yake ilikwama, na gari halikutaka kwenda mbele wala nyuma. Yeye na mwenzake Gunnar Palm wakalibiringisha mpaka likatoka topeni, likasimama kwa magurudumu yake, wakaendelea na safari. Walimaliza wa pili.

Wageni kama Carlsson walikuja mwaka hadi mwaka na sifa zao, wakaondoka bila kombe. Kwa miaka 19 Safari ilikuwa ya wenyeji. Mgeni alijua kukimbia, mwenyeji alijua wapi asikimbie: mto upi hujaa baada ya mvua ya saa moja, kona ipi huficha mbuzi. Mwiko huo ulivunjwa mwaka 1972 na Hannu Mikkola wa Finland, akiwa na Gunnar Palm yuleyule, ndani ya Ford Escort. Mwaka uliofuata Safari iliingia katika msimu wa kwanza wa ubingwa wa dunia, na wenyeji wakarudisha kombe nyumbani kwa tundu la sindano. Shekhar Mehta na Harry Källström, wote wakiendesha Datsun, walimaliza na adhabu sawa, na kanuni ya kuwatenganisha ikampa Mehta ushindi.

Mehta, mzaliwa wa Uganda, alishinda tena mara nne mfululizo kuanzia 1979 hadi 1982. Ushindi wake wa mara tano haujafikiwa na yeyote. Hata hivyo, jina lililoingia vinywani mwa watoto lilikuwa la Joginder Singh, fundi na dereva aliyezaliwa Kericho. Alishinda mwaka 1965 pamoja na ndugu yake Jaswant ndani ya Volvo, kisha mwaka 1974 na 1976 ndani ya Mitsubishi, kampuni ambayo wakati ule haikuwa na jina kubwa katika mbio. Wakenya walimwita Simba wa Kenya. Katika nchi iliyokuwa bado ikijiuliza Mhindi ni nani kwake, watu waliojipanga kando ya barabara kumshangilia walikuwa wamekwisha kujibu.

Na hapo kando ya barabara ndipo Safari ilipojengeka kuwa taasisi. Kwa kuwa haikuwa na uwanja, haikuwa na tiketi. Ilipita mbele ya duka, shule na shamba la mtu. Mtoto alimsikia dereva redioni, akamwona kwa nukta moja katikati ya vumbi, kisha akaenda kukunja waya na kujitengenezea gari lake. Mwaka 1994, Ian Duncan aliposhinda kwa Toyota na Patrick Njiru akamaliza wa nne kwa Subaru, Mwafrika mweusi hakuwa tena mtazamaji na fundi tu.

Wakati huo njia ilikuwa imepungua sana. Siasa ilizitenganisha nchi tatu jirani, na kufikia katikati ya miaka ya 1970 mbio zilibaki ndani ya Kenya. Mbio zilikuwa zimekuja kuitwa za Afrika Mashariki; maneno hayo nayo yakaondoka katika jina. Lililobaki ni lile la Kiswahili, safari, ambalo Mfini na Mjapani wanalitamka bila kulitafsiri. Mwaka 2002 Colin McRae wa Scotland alishinda kwa mara ya tatu, kisha Safari ikaondolewa katika ubingwa wa dunia. Fedha zilikuwa haba na maandalizi yamelegea.

Wengi walidhani imekwisha. Lakini iliendelea katika ubingwa wa Afrika, na mwaka 2003 wapenzi wa mbio wakaanzisha Safari Classic ya magari ya zamani, iliyovuka tena mpaka kuingia Tanzania. Ikawa kama 1953: watu waliokusanyika kwa sababu ya mapenzi tu. Alipokuja kukua kijana Mkenya aitwaye McRae Kimathi, aliyepewa jina la bingwa yule wa Scotland na kuwa dereva wa mbio, ilionekana wazi kwamba kumbukumbu haikuhitaji idhini ya mtu.

Safari ilirudi katika ubingwa wa dunia Juni 2021, baada ya mwaka mmoja wa kuahirishwa kwa ajili ya Korona. Sébastien Ogier alishinda. Mwaka 2022 Maxine Wahome alishinda daraja la WRC3, mwanamke wa kwanza kufanya hivyo. Mwaka 2023 Safari ilitimiza miaka 70, na mwaka 2024 ikafanyika tena wakati wa Pasaka.

Leo mbio karibu zote hufanyika kandokando ya Ziwa Naivasha, katika mikondo, yaani vipande vya kushindania, kama Kedong, Loldia na Sleeping Warrior. Barabara hufungwa, na kilomita za kushindania ni kati ya 300 na 400. Wazee husema hiyo si Safari, ni kuzunguka ziwa. Ukimkumbuka Vincent, wana hoja.

Ila tazama kinachotokea. Mkondo unaopitwa asubuhi hurudiwa alasiri, na alasiri ile si barabara ile. Magurudumu yamechimba mifereji, mawe yaliyolala yameamka, na vumbi laini kama unga limefunika mashimo. Siku ya mwisho ya 2021 Thierry Neuville alikuwa akiongoza kwa mbali, akaingia Loldia; shokomzoba ikavunjika, na ushindi ukaenda kwa mwingine. Vincent alichoka na uwanja kwa sababu mzunguko wa pili ulifanana na wa kwanza. Naivasha haijawahi kumpa dereva mizunguko miwili inayofanana.