Mkaratusi Gusii: Karne ya mti usiokwisha ugomvi

Mkulima wa Nyamarambe, Mugirango Kusini katika Kaunti ya Kisii, anasikia amri mbili kwenye baraza moja la chifu. Ya kwanza ni apande miti. Serikali ya kitaifa ilizindua Desemba 2022 mpango wa kupanda miti bilioni 15 kufikia mwaka 2032, na tarehe 13 Novemba 2023 ikatangaza siku ya mapumziko ili kila Mkenya aende kupanda. Amri ya pili ni ang'oe. Viongozi wa Kisii na Nyamira, kaunti mbili za Gusii, wamekuwa wakisisitiza kwamba mikaratusi iliyo kando ya mito na chemchemi iondolewe, na mianzi ipandwe mahali pake.

Tatizo ni kwamba kwa familia nyingi za Mugirango Kusini, ukitaja mti unataja mkaratusi. Itazame nchi ya Gusii ukiwa juu ya kilima cha Manga, utadhani unaona msitu. Kumbe ni mashamba madogo madogo, kila moja na safu yake ya mikaratusi mpakani, na kichaka kingine kule bondeni ambako mahindi hayakubali kwa sababu ya maji. Sensa ya mwaka 2019 ilihesabu watu 1,266,860 katika Kaunti ya Kisii, zaidi ya watu 950 kwa kila kilomita ya mraba. Penye msongamano wa aina hiyo, mti haupandwi kwa mapambo. Hupandwa kwa sababu kuna karo, kuna paa la kuezeka, na kuna chungu kinachongoja kuni.

Historia ya miti Gusii ilianza kwa shoka. Marehemu Profesa William Ochieng', katika kitabu chake cha mwaka 1974 kuhusu Abagusii kabla ya ukoloni, anasimulia jinsi walivyotoka tambarare za Kano na kukaa Kabianga, upande wa Kericho ya leo. Huko baridi iliwatesa, mazao hayakukomaa na mifugo ikafa. Walipogeuka na kuingia katika milima wanayoishi sasa, walikuta ardhi yenye rutuba na misitu minene. Waliifyeka, wakalima wimbi na kulisha ng'ombe. Mti kama omotembe ulijiotea wenyewe, na hakuna aliyeona haja ya kuotesha mche.

Mkaratusi uliingia Kenya kwa ajili ya garimoshi. Reli ya Uganda ilifika Kisumu Desemba 1901, na injini zake za mvuke zilikula kuni kwa pupa. Mwaka 1902 serikali ya kikoloni ikaanza kujaribu mikaratusi kutoka Australia, ikitafuta aina itakayokua upesi kuliko miti ya asili. Tangu hapo zaidi ya aina mia moja zimeletwa nchini, na kila mwinuko ukapata mkaratusi wake: globulus, ile blugamu yenyewe, ikaachiwa nyanda za juu zenye baridi kali, grandis na saligna zikatawala miinuko ya kati kama sehemu kubwa ya Gusii, camaldulensis ikapelekwa kwenye joto na ukame. Ndiyo maana mti huu unapatikana kuanzia Kiabonyoru, ambako asubuhi mtu hatoki bila koti, hadi Nyamarambe, ambako nchi inateremka kuelekea Migori na miwa inastawi.

Kituo cha serikali cha Kisii kilianzishwa mwaka 1907. Wamisionari Wakatoliki walifika Nyabururu mwaka 1911, na Waadventista wakafuata Nyanchwa. Kama kwingineko nchini, mikaratusi ya mwanzo ilitangulia kwenye maboma, misheni na shule. Ebisarate, kambi za vijana za kuchungia ng'ombe, zilipigwa marufuku kabla ya Vita vya Kwanza vya Dunia, na malisho yakaanza kugeuka mashamba. Kahawa iliruhusiwa kwa Waafrika wa Kisii katika miaka ya 1930. Chai ikaja mwishoni mwa miaka ya 1950.

Chai ndiyo iliyoupa mkaratusi uraia. Majani mabichi yanapofika kiwandani hunyaushwa na kukaushwa kwa joto la tanuri, na tanuri hizo huchoma kuni. Kila kiwanda kilichojengwa chini ya KTDA, shirika la chai lililoundwa mwaka 1964, kilikuwa soko jipya la magogo: Nyansiongo, Kebirigo, Tombe, Sanganyi, Kiamokama, Ogembo na vinginevyo. Mafuta ya tanuri yalipopanda bei, viwanda viliegemea kuni zaidi. Ongeza hapo tanuri za matofali zilizotapakaa mabondeni. Ongeza pia nguzo za umeme, hasa baada ya shirika la kusambaza umeme vijijini kuanzishwa mwaka 2007. Mkulima alikuwa na mti unaotoa kuni baada ya miaka mitano au sita na nguzo baada ya minane au kumi, usiohitaji mbolea wala palizi ukishasimama, na ukiukata unachipuka tena. Hakuna benki iliyowahi kumpa masharti mepesi kama hayo.

Kuanzia mwaka 1997 mradi wa bayoteknolojia ya miti ulileta chotara za vipandikizi kutoka Afrika Kusini, zilizonyooka na kukua kwa kasi. Hata nyigu mdogo aitwaye Leptocybe invasa, aliyeonekana magharibi mwa Kenya mwishoni mwa 2002 akikunja majani na vikonyo vya miche, hakuweza kuwakatisha watu tamaa. Kufikia mwaka 2009 mikaratusi ilikadiriwa kufunika takriban hekta 100,000 nchini.

Ni mwaka huo ndipo moto ulipowaka.

Waziri na mti

Ilikuwa 2009, mwaka wa kiangazi kibaya. Bwawa la Masinga lilikauka kiasi cha mitambo yake kuzimwa, na umeme ukaanza kugawanywa kwa zamu. Bungeni na vijijini watu walikuwa wakigombania msitu wa Mau. Waziri wa Mazingira alikuwa John Michuki, mtu ambaye mwaka 2004, akiwa Waziri wa Uchukuzi, alizilazimisha matatu kufunga mikanda na vidhibiti mwendo hadi sheria zile zikaitwa jina lake. Wakenya walikuwa wamejifunza kwamba amri ya Michuki haina mzaha. Safari hii alielekeza kidole kwa mkaratusi: uondolewe kwenye kingo za mito na maeneo oevu kote nchini, kwa sababu unanyonya maji.

Amri hiyo iliwapendeza wengi. Profesa Wangari Maathai, ambaye vuguvugu lake la Green Belt lilikuwa limepanda miti tangu 1977, alikuwa amelalamika kwa miaka mingi kwamba miti ya kigeni ilifukuza ile ya asili na kukausha vijito. Vijijini Gusii, kina mama waliokuwa wakichota maji kwenye chemchemi karibu na nyumbani na sasa wanashuka hadi mto Gucha hawakuhitaji profesa wala waziri wa kuwaeleza.

Waliopinga walikuwa wataalamu wa misitu. Desemba 2009, Huduma ya Misitu ya Kenya ilitoa mwongozo wa kilimo cha mikaratusi mashambani, na ndani yake kulikuwa na jedwali lililowapa watetezi wa mti huu silaha. Kutengeneza kilo moja ya mmea mkavu, mkaratusi hutumia lita 785 za maji. Viazi na mtama hutumia lita 1,000. Kahawa, pamba na ndizi hutumia lita 3,200.

Jedwali hilo lilitua Gusii kama tusi. Hapa ndizi ni chakula, ni biashara, ni mgomba nyuma ya kila jikoni. Kahawa ilisaidia kujenga shule nyingi. Sasa wataalamu walikuwa wanasema kwamba mshukiwa anakunywa kidogo kuliko mashahidi.

Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni: hesabu hiyo si ya uongo. Ila ni hesabu ya kilo, na mto haujui kilo. Mkaratusi hukua mwaka mzima bila kupumzika, hurundika kilo nyingi kwenye eneo dogo, na mizizi yake hufuata maji hadi kina ambacho nyasi na mahindi havifikii. Mti unaotumia maji vizuri kwa kila kilo unaweza bado kumaliza chemchemi, kwa sababu unatengeneza kilo nyingi mno. Waziri alikuwa anazungumzia bonde, wataalamu walikuwa wanazungumzia kilo, na kila upande ulikuwa na ukweli wake.

Kilichopotea katika kelele zile ni kwamba pande hizo mbili zilikuwa zimekubaliana kuhusu jambo kuu. Mwongozo wenyewe uliosifu mkaratusi ulikataza kuupanda kwenye maeneo oevu, kando ya mito na ziwa, na katika mashamba ya kunyunyizia maji. Kanuni za misitu ya mashambani za mwaka huo huo, zilizomtaka kila mkulima aache asilimia 10 ya shamba lake iwe na miti, zilisema miti hiyo isidhuru vyanzo vya maji. Na tangu 2006, kanuni za ubora wa maji zilikuwa zimeweka ukanda wa kuhifadhiwa kando ya mto, usiopungua mita 6 na usiozidi 30.

Hapo ndipo penye kiini cha ugomvi. Chukua shamba la ekari moja lenye upana wa mita 40 na urefu wa mita 100, linaloteremka hadi kijitoni. Mashamba mengi ya Gusii yana umbo hilo, kwa sababu ardhi iligawanywa kwa vipande virefu kutoka barabarani juu hadi majini chini, ili kila mwana apate njia na apate maji. Ukipima mita 6, mwenye shamba anapoteza mita 240 za mraba, kipande cha kitalu cha sukuma. Ukipima mita 30, anapoteza mita 1,200 za mraba, karibu theluthi ya urithi wake wote. Afisa anayeshika utepe wa kupimia ndiye anayeamua kama mtoto wa mwenye shamba ataendelea na sekondari, na mara nyingi afisa huyo hakuonekana kabisa. Lilikuja tangazo tu, kupitia baraza.

Zaidi ya hayo, kukata mkaratusi si kuung'oa. Kisiki chake huchipuka vichipukizi vingi, na baada ya miaka michache pana miti mitatu palipokuwa na mmoja. Kuumaliza kunahitaji kuchimbua kisiki, kukibambua gome au kukichoma tena na tena, kazi ya siku kadhaa kwa shina moja. Amri ya 2009 haikusema nani angelipia kazi hiyo. Kwa hiyo miti iliyokatwa iliuzwa, visiki vikachipuka, na Michuki akafariki Februari 2012 akiiacha nyuma mikaratusi mingi ya mabondeni.

Baada ya hapo

Katiba ya 2010 iliitaka nchi ifikishe miti kwenye asilimia 10 ya ardhi yake. Ugatuzi ulikuja 2013, na kaunti zikarithi ugomvi. Februari 2018 ukataji katika misitu ya umma ulipigwa marufuku, bei ya mbao ikapanda, na mkulima aliyekuwa na mikaratusi akajiona mwenye busara. Tathmini ya kitaifa ya 2021 ilisema miti imefunika asilimia 12.13 ya nchi, idadi ambayo isingefikiwa bila miti ya mashambani, ile ile tunayoilaani kila kiangazi.

Wakati huo huo, kilichobaki cha miti ya asili kimesahaulika. Msitu wa Nyangweta, hapa hapa Mugirango Kusini, hutajwa zaidi kwa migogoro ya ardhi kuliko kwa miti yake. Watoto wanaoweza kukutajia aina tatu za mkaratusi hawajui omonyenya. Na wanaohubiri kupanda miti ya asili husambaza miche ya grevilea, bila kukumbuka kwamba nayo ilitoka Australia.

Mkaratusi haukujipanda bondeni. Uliitwa na reli, ukakaribishwa na kiwanda, ukalipiwa na kampuni ya umeme, na mkulima wa Nyamarambe alifanya alichofanya kila mtu mwenye akili aliyeona soko. Kumwambia leo ang'oe kwa gharama yake, huku mnunuzi akiendelea kununua bila kuuliza, ni kumtoza peke yake deni la watu wengi.

Mianzi ni wazo zuri, lakini mwanzi usio na mnunuzi utafyekwa na mkulima yule yule kabla haujakomaa. Kaunti ingeanza kwa kutuma mpimaji badala ya tangazo, aweke alama ya mita sita au thelathini na kueleza kwa nini ni sita au thelathini, kisha igharamie kuchimbua visiki vilivyo ndani ya alama. Juu ya alama hiyo, mkulima aachwe na mikaratusi yake bila kusumbuliwa. Na kwa kuwa kila lori la kuni hupita kwenye mizani ya kiwanda kabla magogo hayajaingia tanurini, hapo ndipo swali lingeulizwa kwa urahisi zaidi: magogo haya yamekatwa wapi? Kiwanda kinachokataa chai mbovu kina uwezo pia wa kukataa magogo ya ukingoni mwa mto.