Matege, jua na lehemu ya ngozini: hadithi ya karibu miaka 300

SEHEMU YA 1: Lawama za kwenye benchi

Mada ya leo ni ndefu, nimeigawa vipande sita. Soma kidogo kidogo ukiwa unanyonyesha.

Mtoto akionekana na matege kliniki, maneno yanaanza palepale kwenye benchi. Eti mama alimsimamisha mapema. Eti alimbeba vibaya mgongoni. Eti alimfunga nepi nene. Lawama zote zinamwangukia mama, na mama mwenyewe anaanza kuziamini.

Nataka uijue historia ya ugonjwa huu. Ukiijua hutakubali kubebeshwa lawama isiyo yako, na utajua ni lipi hasa liko mikononi mwako. Cha ajabu ni kwamba historia hiyo inapita kwenye kitu ambacho wengi tunakiogopa: lehemu, yaani kolesteroli. Kila tukiisikia tunafikiria presha na moyo. Kumbe ndugu yake mmoja amekaa kwenye ngozi ya mwanao, anasubiri jua ili mifupa ikomae.

SEHEMU YA 2: Kilichotoka kwenye mawe ya nyongo

Tuanzie Ufaransa. Katika karne ya 18 madaktari walikuwa wanachunguza mawe yanayotengenezwa kwenye kifuko cha nyongo, wakakuta ndani yake kitu cheupe chenye mng'aro kama nta. Mwaka 1815 hivi, mkemia Michel Eugène Chevreul alionyesha kwamba kitu hicho si mafuta ya kawaida, maana hakigeuki sabuni kama mafuta mengine. Akakipa jina kutokana na maneno mawili ya Kigiriki, "nyongo" na "kigumu". Jina la kolesteroli limetoka hapo.

Baadaye ikajulikana kwamba kolesteroli ina ukoo mkubwa, na ukoo wote unaitwa steroli. Ukitaka kuzitambua, angalia umbo. Chora pete nne zilizoshikana: tatu zina atomu 6 za kaboni kila moja, na ya nne ina 5. Upande mmoja weka kichwa kidogo kinachopenda maji, upande wa pili mkia unaopenda mafuta. Hiyo ndiyo steroli. Kolesteroli nzima ina kaboni 27.

Kazi yake ni nini? Kila seli ya mwili wako imezungukwa na utando mwembamba wa mafuta. Kolesteroli inajipanga katikati ya mafuta hayo ili utando usiwe mlegevu sana wala mkavu sana. Ini linaitumia kutengeneza nyongo ya kusaga mafuta ya chakula. Mwili unaitumia kutengeneza homoni: projesteroni iliyoishikilia mimba yako, estrojeni, na testosteroni ya baba watoto. Hata maziwa yako ya kifua yana kolesteroli, na hayakukosea. Mtoto anajenga ubongo.

Kwa hiyo ikizidi kwenye damu ni tatizo, sawa. Lakini bila kolesteroli hakuna mwanadamu. Shika hapo, sasa twende kwenye mifupa.

SEHEMU YA 3: Ugonjwa wa miji yenye moshi

Mwaka 1645 Daniel Whistler, kijana wa Kiingereza aliyekuwa anasomea udaktari Uholanzi, aliandika kuhusu watoto wenye mifupa laini, miguu iliyopinda na vifundo vya mikono vilivyovimba. Mwaka 1650 daktari Francis Glisson akatoa kitabu kizima kuhusu ugonjwa huohuo. Kitabu kilieleza dalili vizuri, lakini hakikuwa na dawa.

Viwanda vilipoanza, mambo yakawa mabaya zaidi. Moshi wa makaa ya mawe uliziba anga, vichochoro vilikuwa vyembamba, watoto walikaa ndani. Msichana aliyekua na matege alifika leba akiwa na nyonga iliyobana, mtoto asipite. Wengi walikufa hapo. Kwa hiyo haikuwa habari ya miguu mibaya tu. Ugonjwa wa utotoni ulikuja kumuua mtu akiwa mama.

Mwaka 1822 daktari wa Poland, Jędrzej Śniadecki, aliona kwamba watoto wa mjini Warsaw waliugua sana kuliko wa vijijini, akashauri wapelekwe juani. Theobald Palm, daktari mmisionari aliyewahi kufanya kazi Japani, alirudi Uingereza akashangaa: huku watoto wengi wana matege, kule hakuyaona. Akawaandikia wamisionari wenzake wa nchi mbalimbali. Majibu yao yalimfikisha palepale: penye jua la kutosha, matege ni nadra. Na hao watu wa penye jua wengi wao walikuwa maskini. Lakini wakubwa wa udaktari hawakumsikiliza sana.

SEHEMU YA 4: Jua au chakula?

Wakati huohuo kulikuwa na dawa ya kienyeji huko kaskazini mwa Ulaya: mafuta ya maini ya samaki wa bahari ya baridi. Yananuka, mtoto anayatema, lakini watu wa pwani walijua yanasaidia.

Ikawa ugomvi. Glasgow, Leonard Findlay na wenzake walisema chanzo ni watoto kufungiwa ndani, kukosa hewa safi na mazoezi. London, Edward Mellanby akasema hapana, ni chakula. Mwaka 1919 alionyesha kwamba watoto wa mbwa waliokaa ndani kwa lishe fulani walipata matege, na mafuta ya maini ya samaki yaliwakinga.

Mwaka huohuo 1919, Berlin, daktari Kurt Huldschinsky aliwamulika watoto wenye matege kwa taa ya zebaki inayotoa mionzi ya urujuanimno, ile sehemu ya mwanga wa jua isiyoonekana kwa macho. Mifupa ikaanza kukomaa. Kisha akafanya jambo dogo lenye maana kubwa: alimulika mkono mmoja tu, na mkono wa pili nao ukapona. Maana yake mwanga haugusi mfupa moja kwa moja. Kuna kitu kinatengenezwa kwenye ngozi, kinasafiri na damu.

Baada ya vita, Vienna ilikuwa na njaa na watoto wengi wenye matege. Harriette Chick, mwanasayansi wa Kiingereza, alifika na wenzake wakafanya kazi kwenye hospitali ya watoto. Walichokiona: watoto waliopewa mafuta ya samaki hawakupata matege wakati wa baridi, na waliougua walipona kwa mafuta, au kwa jua, au kwa taa. Vyote vilifanya kazi!

New York nako, daktari Alfred Hess alifuatilia mtaa wa watu weusi ambako watoto karibu wote walikuwa na matege. Ngozi nyeusi ina rangi inayozuia sehemu kubwa ya mionzi. Kwetu kwenye jua kali rangi hiyo ni ngao. Kwenye mji wa baridi na ghorofa ndefu, mtoto mweusi ndiye alikuwa wa kwanza kukosa.

Sasa swali likabaki: inakuwaje mafuta ya samaki na mwanga, vitu viwili visivyofanana kabisa, vitibu ugonjwa mmoja?

SEHEMU YA 5: Pete inayokatika

Mwaka 1922 Elmer McCollum wa Marekani alipitisha hewa kwenye mafuta ya samaki yakiwa ya moto mpaka vitamini A ikaharibika. Mafuta yale bado yaliponya matege. Basi kulikuwa na kitu kingine ndani, akakiita vitamini D. Mwaka 1924 Hess, na Harry Steenbock wa Wisconsin, kila mmoja kwa njia yake, wakagundua kwamba hata chakula kisicho na vitamini hiyo kikimulikwa kinageuka kuwa dawa. Na sehemu ya chakula iliyogeuka ilikuwa steroli.

Hapa anaingia Adolf Windaus wa Göttingen, Ujerumani, mtu aliyekuwa ameshatumia miaka mingi kuchunguza kolesteroli. Mwanzoni walidhani kolesteroli yenyewe ndiyo inayogeuka. Lakini walipoisafisha sana, ikagoma. Kumbe ndani yake kulikuwa na uchafu kidogo mno wa steroli nyingine, na ndio uliokuwa unafanya kazi. Mwaka 1927 wakaona kwamba ergosteroli, steroli ya hamira na ukungu, inafanya kazi hiyohiyo.

(Ergosteroli hiyo unaifahamu bila kujua. Mtoto akiwa na utando mweupe mdomoni tunampa nistatini. Dawa hiyo iligunduliwa na wanawake wawili wa Marekani, Elizabeth Hazen na Rachel Brown, ikatangazwa mwaka 1950. Inang'ang'ania ergosteroli ya fangasi na kutoboa utando wake. Seli za mtoto zina kolesteroli badala ya ergosteroli, ndiyo maana haimdhuru.)

Windaus alipata Tuzo ya Nobeli mwaka 1928. Katika miaka ya 1930 yeye na wenzake wakaifikia steroli ya wanyama wenyewe, ndugu wa karibu kabisa wa kolesteroli, na mwaka 1937 wakaitoa kwenye ngozi ya nguruwe. Ndiyo hiyohiyo iliyoko kwenye ngozi yako na ya mwanao.

Kinachotokea ni hivi. Kumbuka zile pete nne. Mionzi ya jua ikiipiga steroli ya ngozini, pete ya pili inakatika. Joto la mwili linamalizia kuigeuza, inakuwa vitamini D. Inaenda kwenye ini, kisha kwenye figo, ndipo inakuwa kamili na kuuamuru utumbo unyonye kalisi ya kwenye chakula. Samaki ameihifadhi ileile kwenye ini lake. Kwa hiyo wa jua na wa chakula wote walikuwa sahihi. Walikuwa wanagombania steroli moja.

SEHEMU YA 6: Na sisi huku?

Watafiti waliwapima Wamasai na Wahadzabe wa Tanzania wanaoishi maisha ya asili, na mwaka 2012 wakachapisha matokeo: wastani wa vitamini D yao ulikuwa nanomoli 115 kwa lita. Sehemu nyingi mtu huhesabiwa kuwa na upungufu akiwa chini ya 50. Jua tunalo, jamani.

Ila mtoto wa mjini anaweza kukaa kwenye flati siku nzima, amefunikwa kofia, soksi na blanketi, jua linaingia kwa dirishani. Kioo kinazuia mionzi hiyo. Na jua la saa moja asubuhi bado liko chini, linatoa kidogo sana. Angalia kivuli chako: kikiwa kirefu kuliko wewe, vitamini D inayotengenezwa ni kidogo.

Ninayokuomba:

Mtoe mtoto nje kila siku, mikono na miguu wazi, muda mfupi, usimwache aungue. Mtoto mwenye ualbino usimwanike juani. Muulize mhudumu kuhusu matone.

Endelea kunyonyesha. Maziwa ya mama yana vitamini D kidogo, ndiyo maana nchi kadhaa huwapa watoto wachanga matone ya yuniti 400 kwa siku. Uliza kliniki kwanza, usijinunulie na kukisia, maana vitamini D ikizidi inapandisha kalisi kwenye damu na kuumiza figo.

Akianza kula, mpe kalisi. Utafiti wa Nigeria ulionyesha watoto wanaopata jua lakini wakapata matege kwa kukosa kalisi. Dagaa waliosagwa na mifupa yao, maziwa, mboga za majani.

Miguu kupinda kidogo kabla ya miaka miwili mara nyingi ni kawaida. Lakini ikizidi kupinda, vifundo vya mikono vikiwa vinene, meno au kutembea vikichelewa sana, mpeleke akapimwe.

Na ukiwa kwenye benchi ukasikia mwenzio anaambiwa matege ni kwa sababu alimbeba mtoto mgongoni, mwambie taratibu kwamba mgongo wa mama haujawahi kulainisha mfupa wa mtoto. Kisha muulize: mwanao anaota jua saa ngapi, na anakula nini?

Maswali leteni, nitajibu nikitoka zamu.