Mwanamke mkubwa na mwanamke mdogo: ile picha ya mwindaji ilitoka wapi?

Wandugu wahitimu, leo istoria inatupeleka mahali wengi hawapendi kugusa. Wanawake wawili wazima wanapendana, mmoja amepita mwenzake miaka kumi ao zaidi. Mara nyingi vitabu na filme vinaonyesha yule mkubwa kama mwindaji, na mdogo kama mtu aliyedanganywa. Juu ya nini?

Sehemu kubwa ya jibu ni makatazo. Kule Marekani, kuanzia 1934 mpaka 1968, studio kubwa za Hollywood zilifuata kanuni iliyokataza kuonyesha mapenzi ya namna hiyo. Mwaka 1961 njo waliilegeza kidogo. Kwa vitabu, hofu ilikuwa posta. Marijane Meaker, aliyetoa Spring Fire mwaka 1952, alieleza kwamba mhariri wake alikataa mwisho wa furaha, juu posta ingeweza kukamata vitabu. Basi mmoja alipashwa kupata wazimu, na mwingine kukana mapenzi.

Mwaka uleule Patricia Highsmith alitoa The Price of Salt kwa jina la kificho, Claire Morgan. Carol, mama tajiri anayeachana na bwana yake, anapendana na Therese, muuzaji kijana wa duka kubwa la New York. Hapa mwindaji si Carol. Bwana yake njo anatuma mpelelezi awafuate njiani na kunasa sauti zao, kiisha anatumia ushahidi ule kumunyang'anya mtoto. Carol anapoteza mtoto, lakini wanawake hawa wanarudiana. Highsmith hakuweka jina lake mwenyewe paka mwaka 1990.

Kanuni ilikufa 1968, lakini mazoea yalibaki. Mwaka ule, The Killing of Sister George ilionyesha muigizaji wa televisheni anayemutesa mpenzi wake mdogo. Mwaka 2006, katika Notes on a Scandal, Judi Dench ni mwalimu mzee anayeshika siri ya mwalimu mwenzake, Cate Blanchett, ili amufunge kwake. Miaka tisa kiisha, Blanchett yuleyule akacheza Carol katika filme ya Todd Haynes: sasa yeye njo mkubwa, na tunamuona ni mtu, si mtego.

Tofauti ya miaka ina uzito, sikatai. Gari ni la Carol, na ni yeye anayealika safari. Mwenye pesa na uzoefu ana nguvu, na ni vizuri kuuliza anaitumia namna gani. Lakini kwa mzee aliyeoa kijana tuna hadithi za kila aina. Kwa wanawake hawa, hadithi moja ilirudiwa miaka mingi juu zingine zilizuiwa.

Sisi tuliosoma istoria tunajua kazi ya kwanza: kabla ya kuamini chanzo, uliza nani alikiruhusu kitoke, na nani alinyamazishwa.